Taa ya Kujaza Mashavu

Tongoni, Tanga
27 Oktoba 1956

Mdogo wangu Mwinyijuma,

Nakusalimu kutoka nyumba ile ile na chumba kile kile, na humu nitakuwemo mpaka Januari eda yangu iishe, kwa hiyo barua ikipotea usiseme nimehama. Sisi ni wazima. Shemeji Uweso ni mzima, na mbuzi wake ni wazima kumshinda. Wameumaliza mchicha wangu wote, maana wamekwisha jua mwenye mchicha hatoki kuwafukuza.

Barua yako ya tanzia ilifika siku moja kabla ya hitima ya arobaini. Uweso aliisoma mbele ya wazee, wakasema umeandika kama mtu mzima. Siku ile mimi nilikuwa na kazi moja tu, kulia, na sikuiweza. Kila nikianza, jirani yetu Ghanima ananijia mlangoni, "Bi Mwatumu, chumvi umeiweka wapi?" Nililia kesho yake, nilipoona kofia ya marehemu mume wangu Msafiri msumarini. Unakumbuka alikuwa haingii ndani kabla ya kuikung'uta mara tatu kwenye nguzo, vumbi la katani lisije likakaa kwenye mikeka yangu? Nguzo ina alama mpaka leo.

Sasa lililonifanya nitafute kalamu. Amur, kaka yake Ghanima, amerudi kutoka huko London na anasema amekuona. Hakukuona njiani wala msikitini. Anasema alikuwa amesimama nje ya duka linalouza masanduku ya televisheni, akakuona ndani ya kioo, unatembea juu ya nyota, una ngozi ya kenge na pembe moja. Nikamuuliza, "Kama ana ngozi ya kenge, wewe ulimjuaje?" Akasema, "Kwa mwendo, Bi Mwatumu. Anatembea kama mtu anayeogopa kukanyaga vifaranga."

Hapo nikamwamini, kwa kuwa ndivyo unavyotembea.

Wewe uliniandikia kwamba unafanya kazi ya taa. Niambie ni taa gani hiyo inayoota pembe. Na uniletee picha, ya uso wako wewe. Ni miaka minane sasa, na ninayoikumbuka ni sura ya kijana aliyepanda meli ya katani akiwa na malengelenge ya viatu vipya.

Dada yako,
Mwatumu

---

London
2 Desemba 1956

Dada yangu, shikamoo.

Huku baridi imeingia na mafuta ya gari yamekuwa adimu kwa sababu ya ule mfereji wa Suezi uliofungwa, basi watu wanatembea kwa miguu wakilalamika, kana kwamba ndio kwanza wanaoneshwa miguu yao. Mimi ni mzima. Eliudi wa Lushoto, ninayekaa naye chumba kimoja, yule anayesomea ualimu, anakusalimu na anasema mbuzi dawa yake ni pilipili.

Amur hakukosea, na mimi sikusema uongo. Niliajiriwa kubeba taa. Lakini taa haielekezwi hewani, lazima mtu asimame pale atakaposimama mchezaji, na mtu huyo nikawa mimi. Siku moja bwana mkubwa wa mchezo akanitazama kwa muda, akasema, "Huyu anafaa." Anatengeneza hadithi ya watu wanaosafiri kwa roketi na kuwakuta wenyeji wa nyota ya saba. Alinichagua kwa kuwa sifanani na wenzake, halafu wakanipaka rangi mpaka nikawa sifanani na mtu yeyote.

Dada, ungecheka ukiiona hiyo rangi. Televisheni haina rangi hata moja, yote ni majivu, kuanzia jivu jeupe mpaka jivu jeusi. Lakini ili majivu yatoke vizuri, kila kitu kinapakwa rangi ambazo hata harusini zingetia aibu. Uso wangu ni manjano na midomo yangu ni ya kahawia. Mchanga wa nyota ni unga wa mbao uliotiwa rangi ya waridi. Damu ni rojo ya chokoleti, kwa sababu nyekundu ya kweli inatoka kama maji ya mchele. Na nyeupe imepigwa marufuku. Inawaka mbele ya kamera na kula kila kilicho jirani yake. Makoti ya madaktari wa roketi yanachovywa kwenye maji ya chai ndipo yaonekane meupe. Wewe na shuka lako la eda wangekufukuza mlangoni.

Sasa tuna msiba wetu mdogo. Nyota ina mataifa mawili yanayopigana. Moja limeshonewa nguo nyekundu, la pili za kijani, nguo nzuri, za gharama. Tulipozipeleka mbele ya kamera zikatoka jivu moja. Watazamaji wakaandika barua kuuliza kwa nini watu wa taifa moja wanauana. Bwana mkubwa amekasirika sana. Anasema hilo si swali la kuulizwa kwenye hadithi ya nyota.

Picha nitaleta. Nakohoa kidogo kwa huo unga wa mbao, si kitu.

Mdogo wako,
Mwinyijuma

---

Tongoni, Tanga
11 Januari 1957

Mdogo wangu,

Marahaba. Nimebakiwa na siku tisa. Ghanima amekuja na kanga tatu ili nichague ya kutokea, na zote ni za rangi anazozipenda yeye. Mwambie Eliudi pilipili nimeijaribu. Mbuzi wa Uweso wamekula mchicha na pilipili yake, na sasa wanapendelea kwangu.

Hilo la nguo nyekundu na kijani, mbona nimelifanya mimi kabla ya wazungu wako? Wewe ulikuwa umeshaondoka. Mwanasiti, binti wa hapa mtaani, alipoolewa nilimsukia mkeka wa ukindu mwekundu na wa kijani, vipande kumi na sita vya ukili, almasi ndani ya almasi, wiki saba za kazi. Mchana kila aliyeupitia alisimama. Wageni wakaja magharibi, kandili hazijawashwa, na shangazi yake bwana harusi akaupapasa kwa mguu akasema, "Masikini, hawakuwa na rangi." Nilitamani kuingia chini ya mkeka wenyewe.

Tangu siku ile mkeka wangu siuamini mchana. Nangoja magharibi, nautandika mlangoni, narudi nyuma hatua saba. Saa ile rangi inaondoka na kinachobaki ni uzito wake, kipi chepesi na kipi kizito. Ua likionekana saa ile, litaonekana siku zote. Mwambie bwana wako taifa moja alipe rangi ya ndizi mbivu, la pili rangi ya zambarau iliyoiva. Au awape wote rangi anayoitaka, ila wamoja wawe na milia minene. Na kabla ya kushona, aviweke vitambaa pembeni, azime taa, arudi hatua saba.

Sikujua kwamba kuna watu wanalipwa kuishi ndani ya magharibi.

Niambie na hizo taa zinafanya nini, kama kitu hakina rangi. Siku hizi hapa chumbani naona jua linavyoingia kwa dirisha moja na kutoka kwa jingine, na nimeanza kuona kwamba kigoda kile kile asubuhi ni kingine na jioni ni kingine.

Picha haijafika.

Mwatumu

---

London
17 Februari 1957

Dada yangu, shikamoo, na hongera ya kutoka ndani.

Nilimweleza bwana mkubwa habari ya hatua saba. Alinitazama kama nimemwomba binti yake. Siku ya pili nikawakuta wamezima taa, wametandika vitambaa sakafuni, yeye na washonaji wanarudi nyuma wakihesabu. Sasa taifa moja ni ndizi, jingine ni zambarau, na watazamaji hawaulizi tena kitu, wanafurahia vita. Bwana mkubwa ameandikwa gazetini kwamba amegundua njia mpya. Nilimwambia njia hiyo inatoka Tongoni. Akaniuliza hiyo ni kampuni ya nani.

Umeuliza taa. Taa ndiyo rangi yetu. Ukiiweka chini ya kidevu, mtu mwema anakuwa adui bila kufungua mdomo, vivuli vinapanda juu, pua inaingia kwenye paji la uso. Ukiiweka utosini, macho yanakuwa mashimo, na hiyo ndiyo taa ya wanaokaribia kufa. Ya nyuma inamchonga mtu mabega asimezwe na giza. Na ile ya mbele, pana, iliyofunikwa kitambaa chepesi, hiyo ndiyo ya wapenzi wa kike. Inafuta mikunjo na kujaza mashavu. Tuna mchezaji wa miaka hamsini na mbili ambaye kwa taa hiyo ameolewa mara tatu kwenye michezo ndani ya mwaka mmoja.

Hii hapa picha. Nilipigwa studio na fundi wetu wa taa mwenyewe, Jumapili, bila pembe. Utaona nimenawiri. Waoneshe na akina Ghanima.

Mdogo wako,
Mwinyijuma

---

Tongoni, Tanga
29 Machi 1957

Mdogo wangu,

Marahaba. Ramadhani inaingia wiki hii. Uweso amefunga mbuzi kamba, sijui kwa toba au kwa sababu futari yake mwaka huu inatoka jikoni kwangu. Mwanasiti amepata mtoto wa kike. Wote ni wazima.

Picha imefika. Ghanima amesema, "Mashaallah, huyu amepata mpishi." Amur amesema umekuwa kama mzungu wa benki. Imezunguka baraza tatu na kurudi na alama za mafuta ya halua.

Mimi niliiweka kando mpaka wote walipoondoka. Kisha nikatoa barua yako ya Februari nikaisoma na picha iko pembeni, kama mtu anayeangalia mkeka na kipimo chake. Mashavu yamejaa. Chini ya macho hakuna hata mstari. Kivuli cha pua ni kifupi, kimelegea. Hiyo ni taa ya mbele, pana, yenye kitambaa chepesi. Umejipigia taa ya yule bibi wa miaka hamsini na mbili.

Basi nikaacha kutazama taa ilipofika nikatazama pale isipofika. Kola ya shati imefungwa mpaka juu, na bado kati ya kola na shingo kuna nafasi ya vidole vyangu viwili. Mabega ya koti yamekaa mbali na mabega yako. Na pete ya baba. Ulipoondoka ilikuwa inakubana kidole cha pete mpaka ukaitia sabuni kuivua ukiwa unatawadha. Kwenye picha iko kidole gumba.

Nitakueleza jambo ambalo sikulisema kwenye hitima. Msafiri alianza kukohoa mwaka wa hamsini na tatu. Nilimuuliza, akasema, "Vumbi la katani, mke wangu. Chumba kizima cha mashine za brashi tunakohoa." Nikachemsha tangawizi. Kila mwezi nilipunguza kanzu yake ubavuni, na kila mwezi alisema katani inakausha mwili. Nilikuwa na sindano mkononi, Mwinyijuma. Nilimpima mume wangu akiondoka, inchi kwa inchi, na nilikuwa naamini ni vumbi.

Wewe umeniandikia ni unga wa mbao.

Nataka picha nyingine. Simama dirishani asubuhi, taa zote zimezimwa, kola wazi. Eliudi apige. Kama ni mzima nitakuomba radhi mbele ya Ghanima, na unajua hilo si dogo.

Mwatumu

---

London
20 Aprili 1957

Dada, shikamoo.

Nimepokea barua yako. Pete niliibadilisha kidole kwa sababu ya kazi, vyuma vinaikwaruza. Shati niliazima. Huku watu wote wamekonda, ni baridi. Nashangaa nimekueleza habari za taa kwa mapenzi, ukazigeuza kuwa polisi. Eliudi hana kamera. Tuna matoleo manne mfululizo na sina nafasi.

Heri ya Idi ikifika.

Mwinyijuma

---

Tongoni, Tanga
6 Mei 1957

Mdogo wangu,

Marahaba. Idi ilikuwa njema.

Nasubiri picha.

Mwatumu

---

Tongoni, Tanga
12 Juni 1957

Mdogo wangu,

Hii ni barua ya tatu bila jibu, nikihesabu na ile niliyoirudisha kutoka posta kwa kuwa ilikuwa ya matusi. Hapa ni wazima. Usiniandikie kwamba na wewe ni mzima. Niandikie kitu kingine chochote.

Mwatumu

---

Hospitali, nje ya London
30 Juni 1957

Dada yangu, shikamoo.

Usishtuke kwa anwani. Niko kitandani, dirisha ni kubwa, na wanalifungua hata mvua ikinyesha, ndiyo tiba yao, hiyo pamoja na sindano na vidonge vikubwa kama mbegu za stafeli.

Nilianguka studio tarehe kumi na moja Mei, tukiwa hewani. Mchezo huu hauchezwi kwanza ukahifadhiwa. Tunachofanya ndicho watu wanachokiona saa ile ile. Nilikuwa natembea kwenye mchanga wa waridi, nikakohoa ndani ya kinyago, na kilichotoka hakikuwa chokoleti. Nikaanguka. Bwana mkubwa akaona imependeza, akaipeleka kamera karibu. Nimeambiwa watazamaji wengi waliandika kusifu nilivyokufa.

Hapa wakanipiga picha ya kifua. Dada, katika miaka yangu yote ya taa sijaona picha kama ile. Hakuna mbele wala nyuma, mwanga unapita katikati ya mtu na kutokea upande wa pili. Daktari aliishika dirishani akanionesha pafu la kushoto, juu, doa la ukubwa wa kungu. Nilimuuliza kama si vumbi. Akasema vumbi halikai namna ile. Ni kifua kikuu. Nilijua tangu Novemba. Eliudi alijua tangu Desemba, nikamwapisha, na kamera anayo.

Sikukuambia kwa sababu ulikuwa eda. Baadaye sikukuambia kwa sababu ulikuwa umetoka eda. Sina sababu nyingine.

Wodini tuna televisheni. Jumamosi iliyopita tuliketi wagonjwa kumi na wawili tukamtazama mwenyeji wa nyota ya saba amefufuka, anapanda mlima bila kuhema. Wamemvisha mtu mwingine ngozi yangu. Mzee wa kitanda cha pili, Asheri, fundi viatu, akasema, "Yule wa zamani alikuwa anatembea vibaya, lakini ulikuwa unamhurumia." Sikumwambia. Nililala nikimtazama mimi akipanda, mzima kabisa, mpaka muuguzi akazima.

Daktari anasema dawa za siku hizi si kama za zamani. Anasema nikitii, nitapona. Nimeingia nikiwa na ratili mia na tisa. Nikifika mia na thelathini, na makohozi yakiwa safi, wataniruhusu kupanda meli.

Nisamehe, dada.

Mwinyijuma

---

Tongoni, Tanga
15 Julai 1957

Mdogo wangu,

Marahaba. Nimeisoma barua yako kwa kusimama, kisha kwa kukaa.

Idi ya kuchinja imepita. Uweso amechinja mbuzi mkubwa, yule mla pilipili, na kisomo chote kilikuwa cha afya yako. Nimewaambia watu wote ukweli. Ghanima alilia, halafu akaniambia kwamba kwenye picha aliona shingo, akaona si adabu kusema.

Nimekasirika, lakini hasira nimeiweka mpaka ufikie ratili mia na thelathini. Sitaki kumkasirikia mtu mwembamba.

Picha sitaki tena, ya taa wala ya dirisha. Niletee ratili. Kila mwezi andika uzito wako, hata kama huna neno jingine.

Mwatumu

---

Hospitali
24 Agosti 1957

Dada, shikamoo.

Mia na kumi na minane. Unaona? Tisa kwa wiki chache. Muuguzi anasema mimi ni mfano kwa wodi nzima.

Mwinyijuma

---

Tongoni, Tanga
8 Septemba 1957

Mdogo wangu,

Marahaba. Hapa ni wazima.

Daktari wa shamba la katani alikuwa anakuja na mizani kila miezi mitatu, na mfanyakazi aliyepungua sana aliondolewa kazini akajitibu. Msafiri hakuondolewa hata mara moja. Baada ya hitima nilifua suruali yake ya kazi, na mifukoni nikakuta mawe manne, yameoshwa vizuri, laini, ya pwani. Aliyachagua. Mawe hayo sikumwonesha mtu, na sasa nakuonesha wewe.

Ulipimwa na nini mwilini?

Mwatumu

---

Hospitali
22 Septemba 1957

Dada yangu, shikamoo.

Nilipimwa na viatu, na koti zito la wodi, na mfukoni mlikuwa na spana ya kukazia taa niliyoondoka nayo studio.

Leo nimepimwa upya, miguu mitupu, nguo ya ndani peke yake, muuguzi amesimama pembeni na hapa chini ametia sahihi yake. Mia na kumi na nne na nusu. Ni pungufu kuliko zile za mwezi uliopita, lakini hizi zote ni zangu.

Mwinyijuma